Kura moja tu: makansela wanavyokipata kiti Berlin, na kwa majirani wa Vienna na Bern

Tarehe 6 Mei 2025 asubuhi Friedrich Merz aliingia ukumbi wa Bundestag, bunge la Ujerumani, kule Berlin akiwa na hesabu iliyokaa vizuri kabisa. Mseto wake wa CDU/CSU (vyama ndugu vya wahafidhina, CSU ni wa Bavaria) na SPD (wasoshalisti wa wastani) ulikuwa na wabunge 328, na ili uwe Kansela, yani mkuu wa serikali, unatakiwa upate 316 kati ya wote 630. Mkataba wa serikali ulisainiwa jana yake, mawaziri washajulikana kwa majina, Rais Steinmeier yuko ikulu ya Bellevue anasubiri tu kumkabidhi karatasi ya uteuzi. Hata Angela Merkel alikuja, kakaa juu kule kwenye roshani ya wageni. Saa nne na kitu Spika Julia Klöckner akasoma matokeo: ndiyo 310, hapana 307. Kura sita zimepelea. Kwisha habari.

Mi nilikuwa kazini na simu chini ya meza, na jamaa tunayekaa naye chumba kimoja, Mjerumani mtaratibu ambaye sijawahi kumsikia akipaza sauti, alitoa neno ambalo siwezi kuliandika hapa. Maana tangu 1949 ilikuwa haijatokea hiyo kitu, mtu kashinda uchaguzi, kafunga dili na chama mwenza, alafu anaanguka raundi ya kwanza mikononi mwa watu wake mwenyewe. Walau watu 18 wa upande wake walimtosa. Ni kina nani? Hakuna ajuaye mpaka leo, kura ni ya siri. Unaitwa jina kwa alfabeti, unaingia kwenye kibanda, unaweka alama yako, karatasi kwenye bahasha, bahasha kwenye boksi, alafu unarudi kukaa kwenye benchi lilelile na mtu uliyetoka kumchinja na ikibidi unampa pole.

Watu wa nyumbani huwa wananiuliza hawa Wajerumani wanamchaguaje mkubwa wao, na nikianza kueleza naona kabisa wanachosubiri ni stori za mikutano ya hadhara, mabango, wasanii na malori ya watu. Mabango yapo kweli. Ila mwananchi hapa siku ya uchaguzi anaweka alama mbili, moja ya mbunge wa jimbo na moja ya chama, na hapo kazi yake imeisha, jina la Kansela halipo popote kwenye ile karatasi. Kansela anapatikana baadaye, kwenye vyumba, kwenye meza za kahawa, na mwisho kabisa kwenye kile kibanda. Ukiwafuatilia mmoja mmoja unakuta wengi wamepenya kwenye tundu la sindano.

Kwanini waliamua hivyo? Waliungua, ndo jibu fupi. Zama za Weimar, ile jamhuri ya kabla ya Hitler, rais alichaguliwa na wananchi moja kwa moja, na rais ndo aliyekuwa anamteua Kansela. Aprili 1932 Wajerumani walipiga kura ya urais na mzee Hindenburg akamshinda Hitler, asilimia 53 kwa karibu 37. Yani wananchi walimkataa yule bwana waziwazi. Novemba mwaka huohuo chama chake kikashuka bungeni, kutoka asilimia 37.3 za Julai mpaka 33.1, watu wakaanza kusema ameshaisha. Alafu tarehe 4 Januari 1933 Franz von Papen, aliyekuwa Kansela mwaka uliopita na mwenye kinyongo kikubwa na Kurt von Schleicher aliyemrithi, akakutana na Hitler kwa kificho nyumbani kwa mwenye benki mmoja, Kurt von Schröder, hapahapa Köln ninapoishi. Siku 26 baadaye Hindenburg, mzee wa miaka 85, akamteua Hitler kuwa Kansela. Papen alijiona mjanja sana, baraza la mawaziri lina Wanazi watatu tu, Hitler mwenyewe na Frick na Göring, yeye Papen ndo naibu, tutambana kwenye kona huyu. Yaliyofuata mnayajua.

Zama za Kaiser, mfalme wa Ujerumani, ndo usiseme, Kansela alikuwa mtu wa Kaiser na akichokwa anaondoka. Yule Caprivi aliyesaini mkataba wa 1890, ule wa Wajerumani kuwaachia Waingereza Unguja na wao kuchukua kisiwa cha Heligoland, hakuna mbunge hata mmoja Berlin aliyempigia kura awe Kansela, achilia mbali watu wa Unguja. Na Bülow aliyekuwa Kansela wakati wa vita vya Majimaji ni vilevile.

Sasa 1948 na 1949, wajumbe 65 walipokaa Bonn kuandika katiba mpya, waliifumua ile mashine yote. Rais akavuliwa meno na wananchi hawamchagui tena. Ibara ya 63 inasema Kansela anachaguliwa na bunge, bila mjadala, yani hakuna hotuba wala swali, ni kura tu. Na ibara ya 67 ndo naipenda zaidi: huwezi kumwangusha Kansela mpaka uje na jina la mrithi wake na kura za kumpitisha huyo mrithi palepale. Weimar wakomunisti na Wanazi walikuwa wanaweza kuungana kuangusha serikali asubuhi na jioni hawawezi kukubaliana nani ashike usukani. Mlango huo ukapigwa kufuli.

Aliyeongoza kile kikao cha katiba alikuwa Konrad Adenauer, na hapa nitakaa kidogo, maana huyu mzee ni stori ya kipekee. Alikuwa meya wa Köln tangu 1917. Vita vya kwanza vilipoleta njaa alibuni mkate wa unga wa mahindi na shayiri na mchele akapata hataza yake kabisa, na soseji ya soya pia, ambayo hataza yake waliikubali Waingereza, watu aliokuwa anapigana nao. Februari 1933 Hitler akija Köln kwa kampeni, Adenauer akaamuru bendera za Wanazi zishushwe kwenye daraja la mji, mwezi uliofuata hana kazi. Mwaka 1945 Wamarekani wakamrudisha kwenye umeya, wakaja Waingereza kushika eneo hili, Oktoba wakamfukuza, wakisema hakuwajibika ipasavyo. Mtu wa karibu miaka 70, kafukuzwa na Wanazi na kafukuzwa na waliowashinda Wanazi. Wengi wetu hapo tungeenda kulima mawaridi. Na yeye mawaridi alilima, ila hakuishia hapo.

Nyumba yake ipo Rhöndorf, kijiji kidogo ng'ambo ya mto Rhine karibu na Bonn, sahivi ni makumbusho, na mtu yeyote aliyepo maeneo haya namshauri aende. Unapanda ngazi mpaka pumzi inakata, bustani imekatwa kwenye mlima kama makaburi ya kizungu vile, kila kitu kimenyooka, na chini kabisa unaona mto. Mtembezaji wetu, mama mmoja mcheshi, alitueleza mambo ya pale kama anasimulia ya baba mkwe wake. Sebuleni hapo, Jumapili ya tarehe 21 Agosti 1949, wiki moja baada ya uchaguzi wa kwanza, Adenauer aliwaalika wakubwa wa CDU na CSU. Hakuwa mwenyekiti wa chama kitaifa, na kusema kweli chama chenyewe kitaifa kilikuwa hakijaundwa. Wakubwa kadhaa walitaka kuungana na SPD, maana matokeo yalikuwa yamekaribiana, asilimia 31 kwa 29. Mzee akawaandalia chakula na kahawa na mvinyo mzuri wa kutoka kwenye akiba yake. Mvinyo mzuri, mwaka 1949, nchi bado kifusi! Mpaka jioni imeingia wamekubaliana: hakuna SPD, tunaungana na FDP, chama cha waliberali, na chama kidogo cha DP, na Kansela ni mwenye nyumba.

Kinachonichekesha ni anavyolieleza mwenyewe kwenye kumbukumbu zake. Anasema mtu mmoja alimkatisha akipendekeza jina lake, yeye akawatazama nyuso zao, akajibu kwamba kama wote mnaona hivyo basi sawa, na kwamba alishaongea na daktari wake, Profesa Martini, naye amesema afya inaruhusu mwaka mmoja, hata miwili. Sasa we jiulize, mtu ambaye jina lake limetajwa kwa kushtukiza alikwendaje kwa daktari kabla?

Tarehe 15 Septemba ikapigwa kura Bonn. Wabunge 402, zinatakiwa 202. Akapata 202. Si 203, si 201. Na yeye mwenyewe alikuwa mbunge na alijipigia, walipomuuliza hakuona aibu yoyote, akasema kufanya vingine ingekuwa unafiki. Miaka 73 alikuwa nayo, daktari kampa miwili, akakaa 14. Kila siku anavuka mto kwa pantoni kwenda kazini, maana Bonn kuwa mji mkuu badala ya Frankfurt nayo ilikuwa kura ya watu 33 dhidi ya 29 kwenye kikao alichokiongoza yeye, na nyumbani kwake ni pua na mdomo.

Ukishajua hilo la Adenauer, unaanza kuona hesabu za hivi kila mahali. Willy Brandt 1969 alihitaji 249 akapata 251. Huyu naye ni mtoto wa mama asiye na mume kutoka Lübeck, jina la kuzaliwa Herbert Frahm, akakimbilia Norway kuwakwepa Wanazi, na wapinzani walimsema kwa yote mawili, kuzaliwa nje ya ndoa na kukimbia nchi, bila haya. Helmut Schmidt 1976, 250, kura moja juu ya mstari. Helmut Kohl 1994, wakati keshakuwa baba wa muungano wa Ujerumani na jina lake linasikika mpaka kwetu kwenye redio ya mkulima jioni, Idhaa ya Kiswahili ya Deutsche Welle ikitangaza kutoka Köln, yeye alihitaji 337 akapata 338. Kura moja. Sie tulikuwa tunasikia "Kansela Kohl amechaguliwa tena" tunadhani jamaa kapeta.

Ya 1972 ndo chafu kuliko zote. Brandt alikuwa anapoteza wabunge, wanahamia upinzani mmoja mmoja wakipinga sera yake ya kusogeleana na nchi za Mashariki. Rainer Barzel wa CDU akapiga hesabu, akaona anazo 249, akaitumia ile ibara ya 67 kwa mara ya kwanza. Tarehe 27 Aprili nchi nzima ilikuwa kwenye redio na tivii, viwandani watu waliacha kazi. SPD wakawaambia wabunge wao wengi wabaki vitini wasiende kupiga kabisa, ili asiwepo wa kujificha kwenye umati. Barzel akapata 247. Mbili zimepelea, na zote zilipaswa kutoka kambi yake. Mwaka uliofuata Julius Steiner, mbunge wa CDU, akajitokeza kusema alichukua Marki 50,000, na baadaye ikajulikana kwamba pesa ilitoka Stasi, usalama wa taifa wa Ujerumani Mashariki, waliotaka Brandt abaki. Barzel hakuwa Kansela maisha yake yote. Na Brandt aliyeokolewa na pesa ya Stasi aliondoka 1974 kwa sababu ya jasusi wa Stasi aliyekaa ofisini kwake, Guillaume. Ukiiandika kwenye tamthilia watu watasema umezidisha.

Kohl alijifunza. Tarehe 1 Oktoba 1982 alipoitumia ibara hiyohiyo dhidi ya Schmidt alikuwa ameshamchukua Genscher, kiongozi wa FDP, na wengi wa wabunge wake, akapata 256. Ndo mara pekee mpaka leo imefanikiwa kitaifa. Mwananchi hakuulizwa mpaka Machi iliyofuata, serikali ilishakaa miezi mitano.

Kuna waliopita kirahisi. Schröder 1998 alipata 351, kuliko wabunge wote 345 wa mseto wake, kwahiyo kuna wapinzani nao walimpa kwa siri. Huyu ndo yule inasimuliwa kwamba akiwa mbunge kijana alilitikisa geti la ofisi ya Kansela Bonn usiku akipiga kelele anataka kuingia humo. Mtoto wa mama mfanya usafi, baba kafia vitani, kasoma shule ya jioni. Napenda watu wanaosema wanachotaka.

Merkel hakuwahi kusema. Ndo maana wengi hawakumuona anakuja. Mwanafizikia kutoka Mashariki, mtoto wa mchungaji, kaingia siasa ukuta umeanguka, Kohl kampa uwaziri 1991 na wakawa wanamuita msichana wa Kohl. Kufika Desemba 1999 Kohl kakiri alipokea michango ya chama isiyoandikwa na anakataa kuwataja waliotoa. Chama kizima kinatetemeka, hakuna anayethubutu kumgusa mzee. Tarehe 22 Desemba, siku mbili kabla ya mkesha wa Krismasi, Merkel, katibu mkuu wa chama, akachapisha makala kwenye gazeti la Frankfurter Allgemeine akisema chama kijifunze kutembea bila Kohl. Hakumtaarifu hata mwenyekiti wake, Schäuble. Wiki chache baadaye Schäuble naye akaangushwa na mchango wa Marki 100,000 wa mfanyabiashara wa silaha, na Aprili 2000 mwenyekiti ni Merkel. Wakubwa wawili kwa makala moja, na hakumtukana mtu.

Alafu Januari 2002 akaenda nyumbani kwa Edmund Stoiber, kiongozi wa CSU, huko Wolfratshausen, Bavaria, wakanywa chai ya asubuhi, akamwachia ugombea ukansela. Watu wakasema amenywea. Stoiber akagombea akashindwa kwa kura 6,027 nchi nzima, na Merkel, aliyekuwa ameshakubaliana naye, akachukua uongozi wa wabunge wa CDU/CSU kutoka kwa mtu anayeitwa... Friedrich Merz. Mwaka 2005 akapita, 397, ingawa mseto ulikuwa na viti 448, kwahiyo hamsini na kitu walimtosa na yeye wala hakujali, zilitosha.

Merz alikaa na lile jambo. Akaacha ubunge 2009, akaenda kutafuta pesa, akawa mwenyekiti wa bodi ya usimamizi ya BlackRock Ujerumani. Desemba 2018 Merkel anaachia uenyekiti, Merz akarudi mbio, akashindwa na Annegret Kramp-Karrenbauer 517 kwa 482. Na huyu mama naye angekuwa Kansela kama si kura moja ya mkoani.

Tarehe 5 Februari 2020, jimbo la Thüringen, bunge la Erfurt linachagua waziri mkuu wa jimbo. Thomas Kemmerich wa FDP, chama kilichovuka kizingiti cha asilimia 5 kwa kura 73 tu, akajitokeza raundi ya tatu. AfD, chama cha mrengo mkali wa kulia ambacho wengine wote waliapa hawashirikiani nacho, walikuwa na mgombea wao. Ikahesabiwa: Kemmerich 45, Bodo Ramelow wa Die Linke, chama cha mrengo wa kushoto, 44, na mgombea wa AfD sifuri. Sifuri! Wote walimhamia Kemmerich kimyakimya, pamoja na watu wa CDU. Mwenyekiti wa Die Linke wa jimbo, Susanne Hennig-Wellsow, akaenda na shada la maua kama anampongeza akalidondosha miguuni pake akageuka. Ile video niliitazama tena na tena. Merkel alikuwa ziarani Afrika Kusini, akasimama mbele ya waandishi Pretoria kusema jambo hili halisameheki na lazima lifutwe. Kemmerich hakumaliza wiki bila kutangaza anaachia, na Kramp-Karrenbauer, aliyeshindwa kuwadhibiti watu wake wa Erfurt, akatangaza naye anang'atuka.

Merz akajaribu tena Januari 2021, akashindwa na Armin Laschet, 521 kwa 466. Laschet ndo yule mafuriko ya Julai 2021 yaliua watu zaidi ya 180 na yeye akanaswa na kamera akicheka Erftstadt nyuma ya rais aliyekuwa anatoa pole. Siku ya uchaguzi akaikunja karatasi yake ya kura vibaya, kila mtu akaona kapiga wapi. Mtu anaomba kuongoza nchi ya kura za siri! Kwahiyo ukansela ukamwangukia Olaf Scholz, ambaye miaka miwili nyuma wanachama wenzake wa SPD walimkataa hata uenyekiti wa chama. Scholz hakufanya kitu cha ajabu, alinyamaza tu wenzake wakijikwaa, akashinda kwa asilimia 25.7 dhidi ya 24.1.

Ndo Merz kupata chama, mara ya tatu, na serikali ya Scholz ikavunjika Novemba 2024, uchaguzi Februari 2025, CDU/CSU asilimia 28.5. Miaka 23 tangu Merkel amnyang'anye kiti. Na bado kile kibanda kikamwambia ngoja kwanza. Ili raundi ya pili ipigwe siku hiyohiyo ilibidi kanuni zilegezwe kwa theluthi mbili, na kama hutaki kuitegemea AfD, theluthi mbili haipatikani bila Kijani, chama cha mazingira, na Die Linke, na CDU wana azimio la chama kwamba hawashirikiani na Die Linke. Simu zikapigwa. Alasiri akapita na 325. Kesho yake yuko Paris na Warsaw anapeana mikono utadhani hakuna kilichotokea.

Austria mambo ni tofauti, huko Kansela anateuliwa na rais anayechaguliwa na wananchi, bunge halimpigii kura ya kumpitisha, linaweza tu kumwangusha. Wolfgang Schüssel kabla ya uchaguzi wa Oktoba 1999 alitangaza chama chake cha wahafidhina, ÖVP, kikiwa cha tatu kitakwenda upinzani. Kikawa cha tatu, kwa kura 415 nyuma ya FPÖ, chama cha mrengo mkali wa kulia cha Jörg Haider. Akaenda upinzani? Wapi! Akafunga dili na Haider na Februari 2000 akawa Kansela yeye wa tatu. Rais Klestil akakataa mawaziri wawili wa FPÖ, akawaapisha waliobaki na sura ya msibani. Nje uwanja umejaa waandamanaji, ikabidi baraza zima lipite njia ya chini ya ardhi kutoka ofisi ya Kansela mpaka ikulu ya Hofburg kwenda kuapa. Nchi 14 za Umoja wa Ulaya zikawatenga. Miaka miwili baadaye Schüssel akaitisha uchaguzi, akapata asilimia 42 na FPÖ ikaporomoka mpaka 10. Simpendi, ila mahesabu aliyajua.

Sebastian Kurz alipata ukansela Desemba 2017 akiwa na miaka 31, na Mei 2019 akawa wa kwanza kuangushwa na bunge tangu vita, baada ya ile video ya siri ya naibu wake wa FPÖ kule Ibiza akiahidi tenda za serikali ili asaidiwe kwenye uchaguzi. Akawekwa jaji, Brigitte Bierlein, mwanamke wa kwanza kukalia kile kiti, ambaye hakugombea popote. Kurz akarudi Januari 2020, akaondoka Oktoba 2021 waendesha mashtaka walipopekua ofisi ya Kansela, yeye akikana. Septemba 2024 FPÖ ikaongoza kwa mara ya kwanza, asilimia 28.8, kiongozi wake Herbert Kickl akapewa nafasi ya kuunda serikali ikamshinda, na Machi 2025 akaapishwa Christian Stocker, mwanasheria wa Wiener Neustadt, ambaye kwenye mabango ya ugombea ukansela hakuwepo kabisa.

Waswisi wao hawana hata huyo mkubwa mmoja. Wana baraza la watu saba, urais unazunguka kila mwaka, ndo maana unaweza kukutana na picha ya rais wao Didier Burkhalter mwaka 2014 kasimama stesheni anasubiri treni na simu mkononi. Lakini kuingia kwenye wale saba ni kura ya siri ya wabunge 246, na usiku wa kuamkia kura wanajazana baa ya hoteli ya Bellevue Palace mjini Bern kuulizana nani yuko na nani. Desemba 2007 usiku huo ulimmaliza Christoph Blocher, mmoja wa wale saba, tajiri na kiongozi halisi wa chama kikubwa kuliko vyote, SVP. Wenzake wa vyama vingine wakamchagua Eveline Widmer-Schlumpf wa chama hichohicho cha Blocher ambaye hata hakugombea, 125 kwa 115. Akaomba usiku mmoja wa kufikiri, kesho yake akakubali. SVP wakakasirika wakalifukuza tawi zima la mkoa wake wa Graubünden.

Mwaka uliofuata SVP wakataka kurudi kwenye baraza, mgombea wao Ueli Maurer. Wapinzani wakajaribu mchezo uleule, wakampigia mwanachama mwingine wa SVP, Hansjörg Walter, kiongozi wa chama cha wakulima, ambaye hakuwa mgombea rasmi. Raundi ya tatu: Maurer 122, Walter 121. Walter alikuwa mbunge, yuko humohumo ukumbini na karatasi yake ya kura kama wengine wote. Maurer alikaa kwenye baraza mpaka mwisho wa 2022, na urais kaushika mara mbili, 2013 na 2019.